Barabara ya Taifa Namba 5: mchele wetu na mlima wa Ngomo



Mwezi wa Novemba 2021 tulikuwa Luberizi kwa mafunzo juu ya kupanda mpunga katika mistari. Tulieleza nafasi kati ya mche na mche, tulionyesha namna ya kuvuta kamba, tuliingia matopeni pamoja na watu. Karibu na mwisho mama mmoja, prezida wa kooperative, akanyoosha mkono. Akasema: «Ba-agronomu, aksanti. Mistari tumeiona. Lakini ule muchele, kisha kuvuna, utatembea mu mistari mupaka Bukavu? Mwaka jana tulivuna muzuri, na magunia yetu ilioza mu njia.»

Watu walicheka, na sisi tulicheka. Lakini jibu hatukuwa nalo. Sisi tumesoma udongo, mbegu, magonjwa ya mimea. Barabara haikuwa na kozi katika masomo yetu. Basi siku mbili kisha mafunzo tuliomba nafasi katika kamio iliyobeba mchele wa ile kooperative, tukafuata njia yenyewe mpaka Bukavu. Makala hii ni juu ya ile safari, na juu ya ile njia: inatoka wapi, nani aliichonga, kwa nini inatukata mkono, na nini iko katika uwezo wetu.

Njia inapita wapi

Wengi wetu tunaiita tu «barabara kubwa». Jina lake la serkali ni Route Nationale namba 5, RN5. Inaanza mbali sana, Lubumbashi, inapita upande wa Pweto, inafika Kalemie, inafuata ziwa Tanganyika kwa upande wa Fizi na Baraka, halafu inaingia Uvira. Kutoka Uvira inapita katika pleni ya Ruzizi na kupanda mpaka Bukavu. Pale Bukavu inakutana na RN2, ile inayoendelea Goma, Butembo na Beni. Maana yake, gunia la ndagala kavu la Baraka, gunia la mchele la Sange na mafuta ya mawese ya Fizi vyote viko juu ya kamba moja.

Kipande chetu, Uvira mpaka Bukavu, ni kilometa kama 130. Si nyingi. Lakini tuangalie urefu wa nchi. Ziwa Tanganyika liko kwenye metre kama 770 juu ya bahari. Ziwa Kivu liko kwenye metre kama 1,460. Kwa hiyo mchele unapaswa kupanda karibu metre 700 kabla ya kufika sokoni. Na haupandi kidogo kidogo. Kutoka Uvira njia inatembea katika tambarare: Kavimvira, Kiliba, Runingu, Sange, Luberizi, Bwegera, Luvungi, Katogota, mpaka Kamanyola. Pale tambarare inaisha, na mlima unasimama mbele yako kama ukuta. Ule mlima ndio Ngomo. Ukishaupanda unafika Nyangezi, na Bukavu haiko mbali tena.

Namna ilivyozaliwa

Wakati wa Wabelgiji Bukavu iliitwa Costermansville, na Kalemie iliitwa Albertville. Bidhaa kutoka Katanga zilikuja kwa treni mpaka Albertville, zikapanda meli mpaka bandari ya Kalundu, hapa Uvira. Kutoka Kalundu ilipaswa kutafutwa njia ya kupanda Kivu. Katika miaka ya 1930 treni ilitembea katika pleni, kutoka Kalundu mpaka Kamanyola, kilometa kama 90. Mawazo yao yalikuwa kuifikisha kwenye ziwa Kivu. Haikufika hata siku moja. Ilisimama chini ya mlima, mizigo ikashushwa, ikapakiwa katika kamio ili ipande Ngomo. Kabla ya uhuru treni yenyewe ilikufa, na leo vijana wengi wa pleni hawajui kama ilikuwako.

Hii tuiweke katika akili: hata wale waliokuwa na makina na pesa, Ngomo iliwasimamisha.

Barabara za wakati ule wazee wetu walizichonga kwa jembe, kwa nyundo na kwa fimbo mgongoni. Vijiji viligawiwa vipande vya njia vya kutunza. Watu walilazimishwa pia kulima pamba, na kisha vita ya pili ya dunia wakoloni wakatengeneza mashamba ya mpango, paysannat, ambamo kila jamaa ilipewa kiwanja chake. Kule Kiliba kukaja kiwanda cha sukari. Pamba, miwa na mpunga, vyote vilihitaji barabara, na barabara ilihitaji mikono ya watu. Wazee wanakumbuka bado neno «kantonie»: mtu mwenye kipande chake cha njia, jembe lake na kitiyo chake, ambaye kila asubuhi alifungua mitaro na kuziba shimo lingali dogo.

Kisha uhuru njia hii iliona mambo mengi. Mwaka 1964, wakati wa uasi wa Simba, jeshi la taifa lilipigana Kamanyola, na Mobutu alikuwa pale yeye mwenyewe. Baadaye alilitoa jina la Kamanyola kwa divisheni ya jeshi lake na kwa meli yake. Mwaka 1971 iliundwa Office des Routes ili kutunza barabara za taifa. Lakini miaka ilivyoendelea kantonie walipungua, na mitaro ikajaa. Mwezi wa Oktoba 1996 vita vikashuka katika pleni. Uvira ikaanguka, na kisha siku chache Bukavu pia. Kiwanda cha Kiliba kikasimama.

Mwaka 2008 sheria iliunda FONER, mfuko wa taifa wa kutunza barabara, ambao unapata pesa kwenye mafuta ya gari na kwenye peaje. Ni vizuri mkulima ajue hii: kila mara kamio inakunywa mazutu, pesa kidogo ya kutunza njia imekwisha kulipwa, na shofere anaihesabu katika bei anayokupa wewe.

Hatuwezi kupita Sange bila kusimama. Tarehe 2 Julai 2010 kamio yenye kubeba esansi ilianguka pale, esansi ikamwagika, watu wakakaribia, moto ukawaka. Zaidi ya watu 200 walikufa, wengi wao ndani ya nyumba zao na mahali walipokuwa wanaangalia mpira wa Kombe la Dunia. Tulipopita, shofere wetu alipunguza mwendo na kunyamaza. Tangu ile siku mzazi mwenye akili anamwambia mtoto wake: kamio ya esansi ikianguka, kimbia mbali, usikimbilie.

Mfereji wetu

Tulitoka Luberizi saa kumi na mbili asubuhi na magunia 60 ya mchele. Mvua ilikuwa imenyesha usiku kucha. Tulikuwa hatujaenda saa moja, tukakuta kamio tatu zimepangana, hakuna inayotembea. Mbele yao barabara ilikuwa imekatwa na maji, kidimbwi cha matope chenye kufika juu ya magoti. Kamio ya kwanza ilikuwa imelala upande mmoja, na vijana walikuwa wanashusha magunia kichwani.

Tuliteremka kuangalia. Maji hayakutoka mtoni, yalitoka mferejini. Mfereji wa kumwagilia mpunga ulikuwa unavuka barabara wazi, bila daraja na bila buse, ile bomba kubwa ya kupitisha maji chini ya njia. Kila kamio iliyopita ilibomoa ukingo kidogo, na kila asubuhi mwenye shamba aliufungua tena ili maji yake yapite. Kisha miezi michache shimo lilikuwa kubwa kuliko kamio.

Sasa tuseme ukweli, hata kama ni haya. Ule mfereji tuliutambua. Sisi wenyewe tulisaidia kuupima. Wakati ule pesa za buse hazikutosha, na tuliandika katika raporti: kivuko cha barabara kitatengenezwa baadaye. Hiyo «baadaye» ilikuwa mbele yetu, na magunia ya watu ndani yake. Maji ya mpunga wetu ndiyo yalikata njia ya mpunga wetu.

Mama Prezida, aliyekuwa amekaa mbele pamoja na shofere, alituangalia tu. Halafu akasema: «Si mara ya kwanza, baba. Sisi kila mutu anaona shamba yake. Njia haina mwenye.»

Tulipoteza siku nzima pale. Watu wa kijiji walileta mawe na miti ya kalitusi, na sisi tulishika vitiyo. Saa kumi kamio ya kwanza ilivuka. Magunia manne ya ile kamio yalikuwa yameloana kabisa. Mchele ulioloana mkikawia kuuanika unageuka manjano na unanuka, na mnunuzi wa Bukavu akiingiza mkono katika gunia anajua mara moja. Yule mwenye magunia, baba mmoja wa Sange, hakupiga kelele. Alikaa chini kando ya njia, akaanza kuutandaza mchele wake juu ya shiti, konzi kwa konzi, na wingu lingali juu.

Ngomo

Tulilala Kamanyola. Pale mipaka mitatu inakutana: Congo, Rwanda na Burundi. Wasomaji wa mbali watashangaa, lakini watu wa hapa wanajua: wakati ule gari nyingi zilizotoka Uvira kwenda Bukavu hazikupanda Ngomo. Zilivuka mpaka Kamanyola, ziliingia Bugarama, zilifuata lami ya Rwanda, halafu zilirudi Congo kwenye mto Ruzizi, mlangoni pa Bukavu. Mtu alitoka Congo ili afike Congo.

Kwa abiria mwenye karatasi zake hii inaweza kuwa nafuu. Kwa kooperative ndogo yenye magunia 60 ni hesabu nyingine: karatasi za kupitisha bidhaa, kungoja pande mbili za mpaka, na kulipa hapa na pale. Tena mpaka si wetu peke yetu. Mwaka 2020 tuliona vizuri. Mwezi wa Machi mipaka ilifungwa kwa wasafiri juu ya Korona. Mwezi wa Aprili mvua kubwa ilishuka Uvira, mto Mulongwe ukatoka katika njia yake, watu wengi wakakufa, nyumba na madaraja yakaondoka. Kwa mara moja pleni ilishikwa pande mbili. 

Kwa hiyo shofere wetu alichagua Ngomo. Njia ni nyembamba, upande mmoja ukuta wa udongo, upande wa pili korongo. Mahali pengi gari mbili haziwezi kupishana. Msaidizi wa shofere anatangulia kwa miguu, anapiga mluzi, anangoja jibu. Mahali pawili udongo ulikuwa umeshuka kutoka juu na kula nusu ya barabara. Tuliangalia juu ya zile porome, tukaona mihogo imelimwa mpaka ukingoni, mistari yake ikishuka pamoja na mteremko badala ya kuukata. Hakuna mti, hakuna jani la kushika udongo. Mvua ikinyesha, maji yanafuata mistari kama mifereji, yanaanguka barabarani, na barabara inaanguka korongoni.

Hatusemi kama wakulima wa Ngomo ni wabaya. Mtu analima pale shamba lake liliko. Lakini ni lazima tuone vizuri: mihogo ya juu na mchele wa chini vinakutana pale njiani.

Tulifika Bukavu usiku, siku ya pili. Kwa barabara nzuri ingekuwa kazi ya saa chache.

Hesabu ya kilo moja

Wakulima wengi wanatuuliza: kwa nini mchele wetu ni ghali Bukavu na sisi tunabaki maskini? Jibu moja ni hii njia. Mnunuzi akija shambani anaondoa kwanza katika bei yake mazutu, siku za kungoja, barieri, na gunia ambazo huenda zitaloana. Kinachobaki ndicho anachokupa. Ni kusema, shimo la Ngomo unalilipa wewe, hata kama hujafika Ngomo hata siku moja.

Njia hatuwezi kuibadili kwa siku moja. Lakini kile tunachopakia tunaweza kukibadili.

Kilo 1,000 za mpunga wenye maganda, mkizipitisha katika dekortikeza nzuri, zinatoa mchele kilo 600 mpaka 650. Mkituma mpunga Bukavu bila kukoboa, mnalipia usafiri wa kilo 350 au zaidi za maganda na pumba. Na pumba ni chakula cha nguruwe na kuku. Inafaa ibaki kijijini. Vilevile mihogo: kilo 1,000 mbichi zinatoa kosete kavu kilo kama 300 tu. Mihogo mibichi inaharibika kwa siku mbili au tatu. Kosete iliyokauka vizuri inangoja hata njia ikifungwa wiki nzima.

Kukausha ndiyo bima ya kwanza. Mpunga unapovunwa una maji mengi, mara nyingi zaidi ya asilimia 20. Usiuweke depo kabla haujashuka kwenye asilimia 14. Kama hamna mashini ya kupima, bonyeza punje kwa meno: ikipasuka kwa sauti kavu, ni sawa, ikipondeka, rudisha juani.

Mambo ambayo kooperative inaweza kuanza

Ya kwanza: kila mfereji unaovuka barabara uwe na buse au kadaraja. Barabara ya taifa haikatwi bila ruhusa. Kabla ya kuchimba, nendeni kuona Office des Routes na viongozi wa sheferi, muombe mahali na kipimo. Na sisi mashirika tumepata somo letu: tangu sasa hatutapima mfereji ambao kivuko chake hakimo katika bajeti. Mkiona agronomu anaandika «baadaye», mumukatalie.

Ya pili: mitaro. Barabara ya udongo haiuawi na kamio peke yake, inauawa na maji yanayolala juu yake. Njia inapaswa kuwa na mgongo katikati, ili maji yashuke pande mbili, na mitaro iwe wazi mpaka mahali pa kuyamwaga. Chagueni siku moja ya salongo kila mwezi kuanzia Agosti, kabla ya mvua za sezoni A, na msingoje Novemba. Kijiji kinaweza kuunda kamati ya kutunza njia, ile inayoitwa CLER, na kujiandikisha. Kwa njia ndogo za kwenda mashambani mlango wa kupiga ni OVDA. Ule wa Office des Routes ni kwa barabara kubwa.

Ya tatu: barieri ya mvua. Kisha mvua kubwa, kufunga njia kwa kamio nzito kwa saa chache kunaokoa njia kwa miezi. Lakini barieri ya mvua iwe ya mvua kweli. Jua likiwaka, kamba iondoke. Ikigeuka mahali pa kuomba pesa, hakuna shofere atakayeiheshimu tena.

Ya nne: kule Ngomo na kila mahali penye mteremko juu ya barabara, mistari ilimwe kwa kuukata mteremko. Kwenye ukingo achieni ukanda wa metre chache bila kulima, mpande majani ya kushika udongo: setaria, matete, tripsakumu. Juu yake kalandra. Hayo yote ni chakula cha ng'ombe na mbuzi, hakuna kinachopotea.

Ya tano: mpakie pamoja. Kooperative tatu zikijaza kamio moja zinachagua siku, zinachagua shofere, na zinafunika magunia kwa shiti yao wenyewe. Mkulima mmoja mwenye magunia matano anabebwa siku ambayo shofere anataka.

Mama Prezida

Nchi yetu ina barabara za maana ya taifa kilometa kama 58,000, na njia za desserte agricole kama 87,000. Zile zenye lami ni karibu 3,000 tu. Kwa hesabu hiyo si haki kumwambia mkulima kwamba jembe lake litatosha. Ngomo inahitaji makina, inahitaji kuta za mawe, inahitaji serkali. Tuendelee kuiomba, kwa barua zenye sahihi za makooperative mengi, na tarehe, na idadi ya magunia yaliyopotea. Barua yenye hesabu haitupwi kwa urahisi kama barua ya malalamiko. Tangu leo kila kooperative iwe na kaye moja ya njia: siku gani kamio ilikwama, mahali gani, magunia mangapi yaliloana.

Mwezi wa Februari tulirudi pale mfereji unapovuka. Buse mbili zilikuwa zimelala chini ya barabara, ruhusa ilikuwa imeombwa na kupatikana, na mawe yalipangwa pande zote mbili. Pesa ya buse moja ilitoka kwa kooperative, ya pili tuliitafuta sisi. Deni lilikuwa letu. Maji yalikuwa yanapita chini, kamio zinapita juu.

Tulimuuliza Mama Prezida kama sasa ameridhika. Akasema: «Hapa, ndiyo. Sasa twende Ngomo.»

Kidole kimoja hakivunji chawa. Kama kooperative yenu iko kando ya RN5, mtuletee kaye yenu ya njia katika mkutano ujao. Tutaisoma pamoja, na tutaanza pale magunia yalipoloana zaidi.